Kwa Nini Nalifunika Bwawa Kila Jioni

Kila mwaka ifikapo Juni, mabwawa mengi ya kuogelea ya Arusha hubaki na majani ya miti tu. Watoto hawaingii, wazazi hawalipi, na sisi walimu wa kuogelea tunapangiwa kusimamia mpira wa pete mpaka Septemba jua litakaporudi. Kipupwe cha huku si cha mchezo. Mji upo kama mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, chini ya Mlima Meru, na asubuhi za Juni na Julai wingu hutukalia mpaka saa nne au saa tano. Mimi ni mzaliwa wa Pangani. Nilijifunza kuogelea baharini, mahali ambapo mtu huuliza kama maji yamejaa au yametoka, haulizi kama ni ya baridi. Nilipokuja kufundisha huku juu nikaelewa upesi kwamba mtoto anayetetemeka hafundishiki.

Maji hunyang'anya mwili joto kwa haraka kuliko hewa; uwezo wake wa kupitisha joto unazidi ule wa hewa tulivu zaidi ya mara 20. Mtu mzima mwenye mwili anaweza kuvumilia. Mtoto wa miaka sita, mwembamba, ambaye ngozi yake ni kubwa ukilinganisha na uzito wake, hamalizi robo saa kabla midomo haijabadilika rangi, mabega hayajapanda masikioni na meno hayajaanza kugongana. Na somo la kwanza la kuogelea ni kulala chali juu ya maji: legeza shingo, acha masikio yazame, pumua polepole. Mwambie mtoto huyo alegeze shingo. Hawezi. Mashindano ya kimataifa hufanyika kwenye maji ya nyuzi joto 25 hadi 28, na hao ni watu wanaokwenda kwa kasi. Mwanafunzi mchanga, anayekaa ukingoni akisubiri zamu yake, anahitaji kama nyuzi 30. Bwawa la shule yetu, asubuhi za Julai, lilikuwa likisoma 19.

Wazo la kwanza la shule lilikuwa kununua mashine. Wakaulizia bei ya pampu ya joto inayotumia umeme, wakapiga hesabu ya LUKU, kikao kikanyamaza. Aliyesema neno la maana ni mzee anayetunza bwawa, Mmeru wa umri wa baba yangu, ambaye hata kikaoni hakuwa amealikwa. Nilimkuta asubuhi akiongeza maji kwa mpira.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwalimu. Wamekubaliana?"

"Bado. Wanasema ni ghali."

Akanionyesha mstari wa vigae. "Jana jioni niliyaacha hapa. Leo yako hapa chini. Bwawa halivuji, nimelikagua mimi mwenyewe. Haya maji huwa yanakwenda wapi?"

"Yanakuwa mvuke, mzee."

"Basi na joto lenu limekwenda nayo."

Alikuwa amesema kweli tupu. Aliyekulia kwenye nyumba yenye mtungi anaijua kweli hiyo kwa ulimi wake: maji ya mtungini huwa ya baridi kuliko ya ndoo, ingawa mtungi na ndoo vimelala chumba kimoja. Udongo hupenyeza maji kidogo kidogo hadi nje, hayo ya nje hukauka, na yanapokauka huchukua joto la yale yaliyobaki ndani. Kugeuza lita moja ya maji kuwa mvuke hula joto ambalo lingetosha kupandisha karibu lita 580 kwa nyuzi moja. Bwawa lililoachwa wazi hufanya kazi hiyohiyo ya mtungi usiku na mchana, na upepo huizidisha, kwa sababu hufagia hewa iliyokwisha kulowa na kuleta kavu. Idara ya Nishati ya Marekani, ambayo imelichunguza jambo hili kwa kirefu kwa kuwa nchi yao ina mabwawa mengi ya majumbani, inasema kiasi cha asilimia 70 ya nishati inayopotea kwenye bwawa la nje hupotea kwa njia hii ya mvuke. Sehemu inayobaki huenda kwenye hewa baridi na kuelekea anga la usiku. Ardhini huenda kidogo tu.

Nilichukua kalamu nikalipigia hesabu bwawa letu. Lina urefu wa mita 25, upana wa mita 10 na kina cha wastani cha mita 1.5. Hizo ni lita 375,000. Kuyapandisha maji hayo kwa nyuzi moja tu kunataka nishati ya karibu yuniti 436, zilezile yuniti tunazonunua kwa LUKU. Sasa tazama upande wa jua. Ikiwa siku ya kipupwe, pamoja na mawingu yake ya asubuhi, italeta yuniti 4 za nishati kwa kila mita ya mraba, basi uso wa bwawa wenye mita za mraba 250 utapokea yuniti 1,000. Si zote zitakazobaki majini, maana baadhi ya mwanga huakisiwa. Maji hushika kama asilimia 75 hadi 85. Bado ni zaidi ya nyuzi moja na nusu kwa siku, bila senti tano.

Halafu tazama upande wa mvuke. Maji yakishuka milimita 4 tu kwa siku, kimo ambacho mtu asiyeangalia vigae hawezi hata kukiona, bwawa limepoteza lita 1,000. Ni simtanki nzima. Na lita hizo 1,000 zimeondoka na joto la yuniti 680 hivi, yaani nyuzi moja na nusu. Nilipoona namba hizi mbili zimekaribiana nilikaa kimya. Jua lilikuwa linatupashia maji bure kila siku tangu bwawa lijengwe, nasi tulikuwa tunakwenda kutafuta mkopo wa mashine ya kufanya kazi ileile, ambayo joto lake nalo lingepanda angani usiku huohuo.

Kinachozuia mvuke ni kitu chochote kinachokaa juu ya maji bila kuacha nafasi ya hewa kupita. Kava la sola la mabwawa ni plastiki ya polithini yenye viputo vya hewa, ndugu wa ile plastiki inayofungiwa vyombo vya kioo visivunjike safarini, ila hii ni nene zaidi na imetiwa dawa ya kuhimili jua. Asili yake ni nzuri kuisimulia. Mwaka 1957, katika mji wa Hawthorne, New Jersey, Alfred Fielding na Marc Chavannes walikuwa wanatafuta kutengeneza karatasi ya kupamba ukuta. Ukuta haukuitaka. Wakajaribu kuiuza kama kifaa cha kuhifadhi joto kwenye vitalu nyumba vya mimea, nako haikushika; ikaja kupata jina kwa kufungia mizigo. Lile wazo la katikati, la hewa iliyofungwa ndani ya plastiki kuzuia joto lisitoroke, ndilo leo linaloelea juu ya mabwawa ya dunia nzima.

Kava hutandazwa viputo vikiwa chini, vikigusa maji, na upande laini ukiwa juu. Watu wengi hulitandaza kinyume, kwa sababu viputo vinapendeza vikiangalia juu. Vikiwa chini, hewa iliyomo hukaa kati ya maji na usiku wa baridi, na plastiki yenyewe hulala juu ya maji bila pengo. Halihitaji kamba wala vyuma. Likiletwa huwa limejikunja kutokana na kukaa kwenye maboksi; uliache siku chache juu ya maji, litanyooka, ndipo ulikate kwa mkasi kufuata ukingo wa bwawa. Mkasi wa kawaida unatosha. Sisi tulilikata vipande, kila kipande kikiwa na upana wa bwawa, kwa sababu kava la unene wa mikroni 400 kwa bwawa kama letu lina karibu kilo 90 likiwa kavu, na likilowa hulisogezi peke yako. Vipande viwili vya kwanza hunyanyuliwa na mzee na mimi. Vinavyofuata tunasaidiwa na wanafunzi wa darasa la saba, nao hugombania kazi hiyo.

Kuhusu rangi nina ushauri ambao wauzaji hawapendi kuusikia. Mnunuzi akiingia dukani huomba jeusi au la buluu iliyokolea, akikumbuka kwamba kitu cheusi huchoma juani. Ni kweli, kitakuwa cha moto kile kitu chenyewe: plastiki itapata joto, na sehemu kubwa ya joto hilo itaondoka na upepo kabla haijashuka majini. Mnachotaka ni mwanga upite kwenye plastiki, uingie kwenye maji, ugonge sakafu na kuta za bwawa, ugeuke joto humohumo ndani. Kava linalopitisha mwanga hupunguza jua linaloingia kwa asilimia 5 hadi 15. Lisilopitisha mwanga kabisa hupunguza kwa asilimia 20 hadi 40. Anayetaka joto achukue linalopitisha mwanga. Jeusi lina faida yake kwa anayetaka kuzuia mwani na kuokoa maji tu, na ndugu zangu wa Tanga, Mombasa na Dar es Salaam waelekee huko, maana kava la kupitisha mwanga katika joto la pwani laweza kuyafanya maji yawe kero.

Mchana pia kava linabaki juu ikiwa hakuna anayeogelea. Hili huwashangaza wageni wanaopita, wanaodhani tunalizuia jua. Kile kidogo kinachozuiwa na plastiki ni kidogo sana mbele ya mvuke unaookolewa, hasa siku zenye upepo. Tunaliondoa saa ya somo, tunalirudisha somo likiisha. Ukweli ni kwamba mafanikio yote yako kwenye mikono ya mtu wa kulirudisha. Nimeona hoteli moja mjini ina kava zuri kuliko letu, limewekewa rola ya chuma, nalo linakaa kwenye rola hiyo mwezi mzima.

Na hata kukaa huko kwenye rola kunaliua. Kava lililokunjwa na kuachwa juani hukusanya joto kati ya tabaka zake, na plastiki huanza kulegea na kushikana. Lifunike kwa shuka jeupe au turubai lisilopitisha mwanga kila linapokuwa limekunjwa. Adui wa pili ni klorini. Siku ya kutia klorini nyingi kusafisha bwawa, acha wazi mpaka kiwango kishuke; klorini kali iliyofungiwa chini ya plastiki hula viputo. Utajua kava limezeeka utakapoona vipande vidogo vya plastiki kwenye chujio la pampu. Wakati huo litoe, usisubiri mpaka pampu iharibike. Na lisichomwe moto nyuma ya jiko la shule, tafadhali. La kwetu lililochakaa pembeni tulilikata likaenda kufunika miche ya bustani.

Mliokwisha kuwa na bwawa lenye joto la umeme au gesi, kwenu faida ni ya fedha moja kwa moja. Idara hiyohiyo ya Marekani inakadiria kwamba kufunika bwawa hupunguza gharama ya kulipasha joto kwa asilimia 50 hadi 70. Kwa sisi tusio na mashine, faida iliyotushtua ilikuwa kwenye maji. Makadirio yao ni kuokoa asilimia 30 hadi 50 ya maji ya kuongezea na asilimia 35 hadi 60 ya dawa. Mzee hakuwa na haja ya kusoma makadirio. Mpira wake ulianza kukaa siku kadhaa ukutani bila kuguswa. Katika mji ambao mitaa mingine hungoja maji ya bomba usiku, sioni kama ni halali kuachia simtanki moja ipae kila siku. Lipo pia jambo la chumvi. Mvuke huondoka peke yake, madini hubaki, na kila unapoongeza maji unaongeza madini mengine. Anayeishi Arusha anajua maji yetu yalivyo na madini; ule ukoko mweupe kwenye vigae umepungua tangu tuanze kufunika.

Lakini maji yenye joto kidogo, yaliyofunikwa, huwapendeza vijidudu na mwani pia. Usidhani kwa kuwa dawa haipotei basi usiangalie. Pima klorini na tindikali kama kawaida, washa pampu ili maji yazunguke hata chini ya kava, na kila siku acha bwawa wazi kwa muda maji yapumue, kwa sababu ile harufu kali inayowasha macho ni gesi zinazotokana na klorini iliyokutana na jasho na mkojo, nazo zinapaswa kutoka.

Matokeo niyaseme yalivyo. Asubuhi za Julai sasa kipimajoto kinasoma 22 mahali kilipokuwa kikisoma 19, na jua likipiga siku kadhaa mfululizo maji hufika 24 alasiri. Hiyo si 30. Kwa hiyo masomo ya kipupwe tumeyahamishia saa nane na saa tisa mchana, maji yanapokuwa yamefikia kilele chake, na kila kundi linakaa majini kwa muda mfupi kuliko Februari. Watoto wadogo huvaa fulana za kuogelea zenye mikono. Lakini wanaingia. Wanalala chali. Nyuzi tatu kwa mtu anayesoma makala sebuleni ni namba ndogo. Kwa mtoto aliye ndani ya maji ni tofauti kati ya kulia na kusikiliza. Msimu wa mpira wa pete kwangu umekwisha, na sioni haya kusema kwamba nilifurahi kupita kiasi.

Swali ninaloulizwa zaidi na walimu wenzangu ni kama plastiki ya kawaida haiwezi kufaa, kwa kuwa kava halisi huagizwa na bei yake si ya shule ndogo. Inafaa kwa sehemu. Arusha ina mashamba ya maua na mboga, na nailoni ya kitalu nyumba, iliyotiwa dawa ya jua, inauzwa mjini kwa mita. Ukiikata vipande na kuilaza juu ya maji itazuia mvuke, na mvuke ndio mwizi mkubwa. Haina viputo, kwa hiyo haihifadhi joto sawasawa, na upepo huinyanyua upesi. Tulipoijaribu ilitubidi kuitia mirija iliyojazwa maji pembezoni. Zipo pia dawa za maji, za jamii ya alkoholi za mafuta, zinazotandaza utando mwembamba usioonekana juu ya bwawa. Hupunguza mvuke pakiwa shwari. Kwenye upepo wa hapa utando wake hukatika, na sizipendekezi kwa shule. Na wale wanaofikiria mabomba meusi ya kupasha maji juu ya paa, wazo ni zuri sana, lakini liwe la pili. Ukitangulia na mabomba kabla ya kava, unalipasha joto anga la Arusha.

Sasa nije kwenye jambo ambalo ningependa mlisome hata kama mengine yote mmeyaruka. Kava la sola si kifaa cha usalama. Linaelea, linang'aa, kwa macho ya mtoto linafanana na sakafu, na halibebi chochote. Mtoto akilikanyaga, linazama naye na kumzingira mwilini, na mtu aliye mbali haoni maji yakiruka wala hasikii kishindo. Aliye chini ya kava haonekani kabisa. Kwa sababu hiyo kwetu hakuna nusu: kava liko lote juu ya maji, au limetoka lote. Hakuna mtu anayeingia majini wakati kipande kimoja bado kimebaki upande wa kina kirefu, hata mwalimu. Anayeliondoa ni mtu mzima, na kabla ya kulirudisha jioni huhesabu watoto, kisha hutembea ukingo mzima akiangalia sakafu ya bwawa.

Wakuu wa shule, wenye hoteli na wenye nyumba wa Arusha, Lushoto, Iringa, Mbeya, Nairobi na Nakuru: pimeni mabwawa yenu mwezi wa Mei, kabla baridi haijaingia, mkaagize kava. Na kabla ya kulitandaza kwa mara ya kwanza, jengeni uzio kuzunguka bwawa lote, wenye mlango unaojifunga wenyewe na komeo lililo juu kuliko mkono wa mtoto unavyofika.